Ngiri wa Mang'ula na Kiti cha Mgeni

Niliwahi kuamini, na ningekula kiapo mbele ya hakimu yeyote, kwamba kulikuwa na ngiri mmoja mzaliwa wa Mang'ula aliyekuwa anaongea Kiswahili. Siyo Kiswahili cha kubabaisha. Kiswahili kamili, chenye shikamoo mbele na ahsante nyuma, ila lafudhi yake ilikuwa ya Kisukuma, kwa sababu, kama nilivyoelezwa na mtu niliyemwamini kuliko redio, alilelewa tangu mchanga na mchungaji wa kwetu aliyekwenda kutafuta ndama aliyepotea akarudi na yeye. Wazungu waliokuja kutembea milimani walimsikia akiwaamkia watu njiani. Wakamchukua, wakampaka rangi ya pinki, wakamng'oa yale meno yaliyochomoza asije akamtoboa mpiga picha, wakamwingiza kwenye filamu. Wakati naamini hayo nilikuwa mtu mzima. Nilikuwa na ndevu, nilikuwa na kitambulisho cha mpiga kura, na nilikuwa nasoma shule ya jioni.

Nilifika bonde la Kilombero na ng'ombe wa mjomba wangu. Walikuwa wengi kiasi kwamba wa kwanza alipokuwa anakunywa maji ya mto, wa mwisho bado alikuwa anaaga nyumbani Usukumani. Baada ya misimu michache mjomba aliona majani ya kusini zaidi yanamwita, akaswaga mifugo kuelekea Lindi. Mimi nikabaki. Sababu niliyompa mjomba ilikuwa shule. Sababu yenyewe ilikuwa wali. Mtu aliyekulia ugali wa mtama, akishakula wali wa Ifakara wa mpunga uliokobolewa asubuhi ileile, wali ambao harufu yake inamwamsha mgonjwa nyumba ya tatu akaulizia sahani, mtu huyo harudi tena kutembea nyuma ya mkia wa ng'ombe.

Nikapata kazi ya kubeba magunia kwenye mashine ya kukoboa mpunga, na chumba cha kupanga Viwanja Sitini, kwa mama mmoja wa Kipogoro, mjane, mwimbaji wa kwaya mwenye sauti ya kusimamisha bodaboda iliyokwishakata kona. Jioni nikawa naenda darasani na watu wazima wenzangu: fundi cherehani, akina mama wawili wauza samaki, na mzee mmoja aliyekuwa anasoma ili aweze kubishana na mwanawe. Nilimaliza, tena nilifaulu. Siku ya matokeo nilitembea kutoka sokoni mpaka nyumbani taratibu sana, ili kila mtu apate nafasi ya kuniuliza.

Watu wa Ifakara ni waungwana. Nasema hivyo kwa uchungu.

Nilikuwa nikienda kwenye harusi, kabla sijavua viatu sauti inapaa: "Mleteeni mgeni kiti." Kwenye ubatizo, kiti. Kwenye maulidi, kiti. Mkutano wa mtaa wa kujadili mtaro uliofurika, watu wote wamesimama ndani ya maji, mimi kiti. Kama nyumba haina, mtoto anakimbizwa kwa jirani, na jirani kama hana anakimbizwa mtaa wa pili, na shughuli nzima inasubiri. Nadhani vipo viti vya plastiki mjini Ifakara ambavyo vinanijua kuliko daktari anavyonijua.

Wenzangu walikuwa wanakaa kwenye mkeka. Bega kwa bega, magoti yanagongana, sinia moja katikati, wanasemana kwa raha zao. Huyu anaambiwa ana kichwa cha kambale, yule anaulizwa kama mke wake amesharudi au bado anapumzika. Mimi niko juu, peke yangu, na sahani yangu iliyofunikwa, kama mkaguzi wa elimu aliyetoka mkoani. Walinishukuru kwa kuja. Waliniuliza habari za nyumbani. Nikiongea, walinyamaza wakanisikiliza mpaka nimalize, jambo ambalo wao kwa wao hawajawahi kufanyiana. Na hakuna hata mmoja aliyewahi kunitania.

Kwa mtu wa kwetu hilo ni jambo zito. Sisi tuna watani karibu kila pembe ya nchi hii. Mtani anaweza kuja kwenye msiba wako akaligombania jeneza, eti marehemu aliahidi kumwachia kitanda, na wewe ukacheka huku machozi yanatiririka. Lakini kati yetu na Wandamba au Wapogoro, wenyeji wa bonde hili, sikuwahi kusikia utani wowote ulioachwa na mababu. Kwa hiyo sikuwa na mahali pa kushikika. Nilikuwa kama mzigo wa mtu ulioachwa stoo: unatunzwa, unafunikwa usilowe, lakini hakuna anayesema kuwa ni wake.

Nilichotaka kilikuwa kidogo tu. Nilitaka mtu mmoja, siku moja, anisukume kwa kiwiko aseme sogea huko, unanuka maziwa. Ningelala vizuri mwezi mzima.

Mahali pekee ambapo sikuletewa kiti palikuwa banda la video, kwa sababu humo kuna mabenchi ya mbao na kila mtu anaumia sawasawa. Lilikuwa nyuma ya mashine yetu, limezungushiwa turubai jeusi kuzuia mwanga. Mwenye banda alikuwa pia dijei wake, Mndamba mmoja mnene, mpole, mwenye kikohozi cha makusudi. Alikuwa anakaa pembeni na maikrofoni, anapunguza sauti ya filamu, kisha anatutafsiria. Kutafsiri kwake hakukuwa kuongeza chumvi. Kulikuwa ni kuhamisha bahari yote. Wachina waliopigana mateke walikuwa wanagombania shamba la mpunga kule Mlimba. Jambazi wa Kihindi akifa, kabla hajakata roho aliwaaga ndugu zake wa Kiberege kwa majina ya ukoo.

Nilimpenda yule bwana kwa sababu yeye peke yake ndiye aliyekuwa na maswali kwangu. Jumamosi alasiri, kabla hajafungua, tulikuwa tunasimama mlangoni ananiuliza mambo ya kwetu. Mnawaamkiaje wakwe? Ng'ombe akikataa kuvuka mto mnamwambiaje? Mimi ukiniuliza habari za ng'ombe ni kama umefungua bomba, unaweza kwenda kuoga ukarudi ukanikuta sijafika hata kwenye pembe.

Sasa, kabla ya filamu kubwa, wakati watu wanaingia na kutafuta nafasi, alikuwa anaweka katuni fupi. Ilikuwa na mnyama wa pinki, mnene, mwenye mkia wa kujikunja. Dijei alimwita ngiri, na hiyo ilikuwa busara yake, maana benchi la mbele lilikuwa la Waislamu na hakutaka mtu ahame. Ngiri huyo anaishi peke yake kando ya bwawa. Ng'ambo kuna mbuzi, kundi zima, wanaishi kwa raha, wanacheza, wanarukiana. Ngiri anataka kuishi nao. Anakwenda mara ya kwanza, mbuzi wanakimbia. Anakaa, anawaza, anagundua tofauti ni ndevu. Basi anang'oa majani marefu, anajifunga kidevuni, anarudi kwa mwendo wa madaha, kifua mbele.

Hapo dijei alimpa sauti. "Wazee, shikamooni. Mimi ni mbuzi mwenzenu, ila nililala vibaya. Nimekuja kukaa na ninyi, kama mtalidhia. Sina makuu gete. Mkinipa pa kulala nitashukulu, mkinipa na maji nitashukulu zaidi."

Banda lilikuwa linavunjika. Watu wanagonga mabenchi, kuna mama mmoja alikuwa anatoka nje kabisa kwenda kuhema. Mbuzi wanamzunguka, wanamnusa, na kikongwe wao, mbuzi mmoja mwenye macho ya usingizi, anasogea na kuanza kuzitafuna zile ndevu. Anazila zote. Ngiri anabaki na kidevu kitupu mbele ya hadhara, amefumba macho, anasubiri kufukuzwa. Kisha yule kikongwe anacheua, anamwambia kwa sauti ya dijei, "Ndevu zako tamu, bwana. Kesho njoo na nyingine." Na kuanzia hapo kila asubuhi ngiri anakuja na ndevu mpya, mbuzi wanapanga foleni, na yeye anawakaribisha: "Kalibuni wazee, ndevu ni zenu."

Mimi nilikuwa nacheka kuliko wote. Halafu nilikuwa na fahari. Kwa mara ya kwanza tangu nifike bondeni nilisikia lafudhi ya kwetu, pamoja na ile gete yetu yenye maana ya kweli kabisa, ikishangiliwa na banda zima, na watu, nilipenda kuona hivyo, walikuwa wakigeuka kunitazama kwa furaha, kama vile nimeleta mchezaji wa timu ya taifa. Nilikuwa nawainulia mkono.

Jumatatu yake nilimuuliza mpakiaji mwenzangu pale mashineni, kijana wa Kindamba mwenye uso wa mtumishi wa altare, imekuwaje ngiri wa filamu awe na lafudhi ya Kisukuma. Alishusha gunia. Alinitazama kwa huruma.

"Kaka, hukuambiwa? Yule ni wa Mang'ula."

Ndipo akanipa habari yote niliyoisema mwanzoni, hatua kwa hatua, bila kutabasamu. Nilimbana. Nikamuuliza mbona ni wa pinki. Akasema rangi. Mbona hana meno ya nje? Wamemng'oa, sheria za usalama. Na wale mbuzi? Akasema mbuzi ni wa kawaida tu, wa kukodi. Kila swali lilikuwa na jibu, na mimi nilikuwa nimefundishwa darasani kwamba habari yenye majibu yote ni habari ya kweli.

Nilipopewa insha ya mnyama nimpendaye, niliandika juu yake kurasa nne. Mwalimu wetu, dada mmoja kijana aliyekuwa na subira ya kuwashinda mapadri, aliandika pembeni kwa wino mwekundu: Insha nzuri sana, umeitoa wapi? Nikaandika chini yake: Mang'ula. Nikampelekea tena. Hakuniuliza zaidi.

Nilikwenda mwenyewe kuhakikisha, maana mimi si mtu wa kumeza kila kitu. Nilipanda lori lililokuwa linapeleka mchele, nikashuka Mang'ula, nikatembea mpaka lango la hifadhi. Milima ya Udzungwa ilikuwa imesimama hapo nyuma, imevaa ukungu mabegani. Nilimkuta askari mmoja wa hifadhi mwenye sare iliyopigwa pasi mpaka mikunjo inakata. Nikamwamkia. Nikamweleza kwamba nimekuja kumsalimia yule ngiri aliyecheza filamu, yule anayeongea, kwamba ni kama ndugu yangu kwa upande wa malezi.

Yule askari alinitazama. Akaangalia milima. Akaniangalia tena.

"Yuko likizo," akasema.

Nikamwomba amfikishie salamu. Akasema atazifikisha. Nilirudi Ifakara nikiwa nimenyooka kama mlingoti, na mashineni nikawaambia wote: nimethibitisha, serikali yenyewe imesema. Mpakiaji mwenzangu alilazimika kwenda nyuma ya magunia, akasema vumbi la pumba limemwingia.

Niliishi na katuni ile kama watu wengine wanavyoishi na mahubiri. Mantiki yake niliiona iko wazi: kinachokutenga na watu ni kitu kimoja tu kinachoonekana, kitafute, ujifunge kidevuni. Nikaanza kutafuta ndevu zangu.

Nilianza na samaki. Mimi niliyekulia maziwa nikaamua kula kichwa cha kambale kwa namna wanavyokula wenyeji, kwa kukifyonza, hadharani, kwenye sherehe ya kipaimara. Nilikifyonza. Sharubu ya kambale ikaingia upande wa pua ambako sharubu ya kambale haipaswi kuingia. Wakaniletea maji, kitambaa, na kiti kingine chenye mikono, kwa kuwa nilionekana sina nguvu.

Nikajaribu lugha. Niliwalipa akina mama wawili wa darasani kwa kuwabebea ndoo za samaki, wakanifundisha kuamkia kwa Kindamba. Asubuhi moja nikamwamkia mzee wa jirani kwa sauti kubwa. Baadaye niliambiwa kwamba kwa jinsi nilivyovuta neno, nilimuuliza kama amekwisha kuiva. Yule mzee alinijibu kwa Kiswahili safi, kwa heshima zote, akaniuliza kama nataka kukaa.

Nikajaribu mtumbwi. Hapa nitasema ukweli bila kupunguza wala kuongeza, maana mashahidi wako hai. Nilisimama kwenye mtumbwi kama wanavyosimama vijana wa mtoni, nikashika upondo, yaani ule mti mrefu wa kusukumia, nikauchomeka kwenye tope kwa nguvu zangu zote za kubeba magunia. Upondo ukashika. Mtumbwi ukaenda. Mimi nikabaki juu ya upondo, katikati ya Mto Kilombero, nimeukumbatia kama mtoto wa nyani, ukiinama taratibu sana, kwa muda unaotosha mtu kusali rozari na nyimbo zake. Viboko waliokuwa upande wa pili walisimamisha shughuli zao. Waliponitoa, walinipeleka ukingoni wakinifuta matope kwa adabu, hakuna aliyecheka mbele yangu hata kidogo, na kwenye ule mchanga, mbali na nyumba yoyote, mtu alishatokea na kiti.

Siku ile nilikaa juu yake nimelowa, nikaona nimeshindwa.

Wakati huohuo mjomba akapiga simu kutoka kusini. Ng'ombe wameongezeka, watoto wake hawana uzoefu, anataka mtu wa kumwamini. Alisema nirudi kwa watu wangu. Hakulisema kwa ubaya. Akanipa mpaka mvua za kwanza nimjibu, maana baada ya hapo njia zinafunga. Sikuwa na hamu ya kurudi kuchunga. Nilikuwa na cheti, nilikuwa na chumba, nilikuwa najua ni mama gani wa sokoni anayepima kisado kikajaa kweli. Lakini mtu hawezi kuzeekea kwenye kiti cha plastiki. Nikaamua hivi, na nikamwambia mama mwenye nyumba waziwazi asubuhi tukifagia uwanja: kwenye shughuli ijayo, yoyote ile, nikikaribishwa tena kama mgeni, basi mimi ni mgeni, na mgeni huondoka. Alinitazama kama mtu anayesikiliza redio yenye mikwaruzo. Akasema, "Utaenda, utarudi, mwanangu. Wali wa Lindi haunukii." Akaendelea kufagia.

Shughuli iliyofuata ilikuwa msiba. Baba mdogo wa mama mwenye nyumba, mzee wa Lipangalala aliyekula chumvi mpaka chumvi ikachoka, alifariki akiwa amelala, jioni moja baada ya kulalamika kwamba uji una madonge. Ulikuwa msiba wa kumshukuru Mungu zaidi ya kulia. Asubuhi nilivaa nguo za kazi, nikachukua jembe na sepeto langu mwenyewe kutoka mashineni, nikaenda kwa miguu. Nilipofika, vijana walikuwa wanagawana kazi: hawa kuni, hawa maji, hawa makaburini. Nikajipanga kwenye mstari wa makaburini, kimya, nimeinamisha kichwa ili urefu wangu usionekane.

"Jamani, mgeni amefika. Mpeni kiti."

Kilikuja kutoka ndani, cha bluu, kimefutwa vumbi. Kikawekwa chini ya turubai, karibu na katekista. Mtu akaninyang'anya jembe kwa upole, kama unavyomnyang'anya mtoto kisu. Nikakaa. Vijana wakaondoka na majembe mabegani wakicheka jambo fulani, na kila walivyosogea mbali nilihesabu kichwani vitu vya kufunga: godoro, sufuria mbili, vitabu, cheti. Nilikuwa nimeshafika Lindi, nimeshawasalimia ng'ombe.

Jua lilipokuwa limepanda, mama mwenye nyumba alipita na sinia la vikombe vya chai. Alikuwa amefunga kanga kiunoni, macho mekundu, sauti imekauka kwa nyimbo za usiku. Sikupanga kumsumbua mfiwa. Lakini lilinitoka.

"Mama, mimi nimewakosea nini?"

Akasimama. "Wewe? Umekosa nini?"

"Hiki kiti."

Akakiangalia kiti, akanitazama mimi, akaweka sinia chini.

"Kimevunjika?"

"Hakijavunjika, mama. Sikitaki. Tangu nimekuja hapa sijawahi kukitaka."

"Wewe si ndiye uliyekataa mkeka?"

Nikasema mkeka gani. Ndipo akanieleza, mbele ya katekista na chai inapoa. Siku niliyofika kuulizia chumba, alinitandikia mkeka barazani, mkeka mpya, wa kwake wa sherehe. Mimi nilisema ahsante, nikabaki nimesimama. Akanikaribisha tena, nikasema nimeridhika, nikasimama mazungumzo yote, mpaka akaona aibu, akamtuma mtoto kwa jirani kuazima kiti, na kiti kilipokuja nikakaa saa hiyohiyo. Akawaambia majirani: jamani, huyu bwana kwao hawakai chini, tusimvunjie heshima. Majirani wakaambiana. Mtaa ukaambiana. Lipangalala wakasikia.

Niliikumbuka siku ile vizuri sana. Kwetu mkekani huwa wanakaa akina mama, mwanamume hukaa kwenye kigoda. Niliona mkeka mpya, nikajua ni wake, nikaona nikikaa hapo nitakuwa nimemdharau mama wa watu ndani ya nyumba yake. Nilisimama kwa heshima. Naye akaazima kiti kwa heshima. Na mji mzima ukahangaika na viti kwa heshima, misimu yote hiyo.

"Basi tulivyokuwa tunahangaika," mama akasema. "Unajua kuazima viti kazi? Kuna siku tumekuazimia cha paroko."

"Na mbona hamnitanii?"

"Mtu wa kwenye kiti anataniwaje, baba? Unaanzia wapi?" Akainama kuchukua sinia lake. "Inuka. Jembe lako liko pale nyuma ya tanki. Wamefika kwenye maji huko, wanahitaji watu."

Niliinuka kwa nguvu kiasi kwamba kiti kiliniganda, nikatembea nacho hatua kadhaa, katekista akakivuta.

Makaburini udongo wa Ifakara ni wa kejeli. Juu ni mfinyanzi mgumu unaorudisha jembe usoni, na ukishaupasua, chini unakutana na maji, kwa sababu bonde lote hili limekaa juu ya mto. Kwa hiyo wengine wanachimba na wengine wanateka kwa ndoo, wakipokezana. Niliwakuta wamechoka. Aliyekuwa ndani ya shimo alikuwa dijei wetu wa banda la video, jamaa wa marehemu kwa upande wa mama, amelowa mpaka kifuani, anahema kama mashine iliyoishiwa dizeli. Nilivua shati, nikamvuta mkono akatoka, nikaingia mimi.

Nilichimba siku ile. Sitaki kujisifu, lakini ningeachwa kidogo ningetokea upande wa pili wa dunia, nikawakuta watu wanakula chakula cha jioni. Vijana walisimama juu wamezunguka shimo. Nilijua bado wananitazama kama mtu wa kwenye kiti. Kisha jembe langu likakwama kwenye mzizi, nikaanza kuhangaika nao, na kutoka juu ikashuka sauti ya mpakiaji mwenzangu, yule mwenye uso wa altare.

"Ngiri, hapo tumia pua."

Halafu shimo zima likanicheka kwa juu. Mmoja akasema mwacheni, anatafuta ndevu. Mwingine akauliza kama nimeomba ruhusa kwa wazee wa mbuzi. Mwingine, simjui hadi leo, alinimwagia tope la ndoo mgongoni kwa makusudi kabisa na kuniambia nilale vizuri. Yalitoka mengi, moja juu ya jingine, yanafuatana kama watu waliokuwa wameyashika mdomoni muda mrefu mno, na kila mmoja alikuwa anasema kwa lafudhi ya kwetu. Shikamooni wazee. Sina makuu gete. Mkinipa na maji nitashukulu zaidi.

Nilisimama na tope kiunoni, nacheka, na bado, niamini, bado nilikuwa sijaelewa. Nilidhani wamenilinganisha na ndugu yangu wa Mang'ula kwa sababu ya lafudhi. Nikaona ni heshima. Nikawaambia kwamba yule ngiri mwenyewe akitoka likizo nitamleta awasalimie.

Vicheko vikakatika. Wakatazamana. Mpakiaji mwenzangu akaangalia miguu yake. Wote kwa pamoja wakamgeukia dijei, aliyekuwa amekaa kwenye kifusi anakamua fulana yake. Alikohoa, na safari hii kikohozi hakikuwa cha makusudi.

"Bwana wee, hakuna ngiri Mang'ula anayeongea," akasema. "Ile ni katuni, imechorwa tu. Tena haina maneno hata moja, ina muziki. Yale maneno ni yako. Ulikuwa unayasema pale mlangoni pa banda kila Jumamosi, mimi nikiingia ndani nakuiga, na watu walikuwa wanakuja kukusikia wewe. Haya, toka sasa, zamu yangu."